Tangazo Lipo Mtandaoni: Je, Limemfikia Mwalimu?



Wapendwa wajumbe wa kamati za sharika, wafadhili na marafiki wa kazi zetu, katika toleo hili tunapenda kueleza jambo linalofika mara kwa mara mezani kwetu. Ni habari ya vijana waliosomea ualimu, baadhi yao wakisaidiwa kwa sadaka na michango yenu, na namna wanavyoitwa kazini siku hizi.

Utaratibu ulivyobadilika

Kwa miaka mingi mhitimu wa ualimu hakuhitaji kuomba kazi serikalini. Alimaliza chuo, akasubiri, na Wizara ikatoa majina na vituo. Mwaka 2016 ajira zilisimamishwa ili kuhakiki watumishi hewa na vyeti. Aprili 2017 taarifa ya uhakiki ilitaja watumishi 9,932 waliokuwa na vyeti vya kughushi. Baada ya hapo walimu walianza kutuma maombi yao kwa mtandao kupitia OR-TAMISEMI. Mwaka 2024 kazi hiyo ilihamia Sekretarieti ya Ajira katika Utumishi wa Umma, na walimu wakaanza kufanyiwa usaili kama watumishi wa kada nyingine.

Kwa nafasi 14,648 zilizotangazwa, walioomba walikuwa 201,707. Maana yake ni kwamba kila nafasi iligombewa na watu wapatao 14. Usaili ulianza Januari 2025, na ulifanyika mikoani badala ya kuwaita wote Dodoma. Hilo lilipunguza nauli na tunalipongeza.

Haki ya utaratibu maana yake nini?

Wengi tukisikia neno haki tunafikiria matokeo: nani kapata, nani kakosa. Lakini kuna haki inayotangulia matokeo, nayo ni haki ya utaratibu. Inadai mambo manne: taarifa imfikie mhusika, apewe muda wa kujiandaa, wote wapimwe kwa kipimo kimoja, na awepo wa kumsikiliza mwenye malalamiko. Katiba yetu ya mwaka 1977, ibara ya 22, inampa kila raia fursa sawa ya kushika kazi iliyo chini ya mamlaka ya nchi. Ibara ya 18 inampa haki ya kupewa taarifa za mambo muhimu kwa maisha yake.

Mtandao umesaidia sana katika jambo la tatu. Fomu ni moja kwa wote, na mwombaji hana haja ya kumjua mtu ofisini. Mashaka yetu yako katika mambo mawili ya kwanza.

Pengo liko wapi?

Tuchukue mfano wa mwalimu anayeishi kijiji cha ndani Busokelo au Kilolo. Ana kitochi, bando hana, na ili afungue akaunti yake lazima apande gari hadi kwenye steshenari ya mjini. Tangazo la kuitwa kwenye usaili hutolewa kama faili lenye majina mengi. Hatakiwi kuona jina lake tu. Anatakiwa aingie kwenye akaunti anakili namba yake ya mtihani, kwa kuwa haitolewi siku ya usaili. Aende na vyeti halisi na kitambulisho. Na kama jina la kwenye cheti halifanani na la NIDA, awe na hati ya kisheria ya kuthibitisha majina, ambayo haipatikani kwa siku moja. Januari na Februari ni miezi ya mvua huku kwetu, na barabara za udongo tunazijua.

Kwa mwenye simu janja hapo Mwanjelwa, siku chache zinatosha. Kwa huyu wa kijijini, tangazo lile lile ni kama halikutolewa.

Lipo na jambo wengi wasilolijua. Aliyefaulu usaili akakosa nafasi huwekwa kwenye kanzidata, na anaweza kupangiwa kituo miezi kadhaa baadaye. Huenda wakati huo ameshakata tamaa na yuko shambani akipalilia mahindi. Barua inamsubiri kwenye akaunti, siku za kuripoti zinapita, na nafasi anapewa mwingine. Hakuna aliyemdhulumu kwa makusudi, lakini amekosa kazi aliyoifaulu.

Usharika ufanye nini?

Hatuwezi kubadili mfumo wa serikali, wala si kazi yetu kumtafutia mtu upendeleo. Kazi yetu ni kufikisha habari. Tunapendekeza hatua hizi:

1. Kila usharika uwe na daftari la wahitimu wa ualimu, pamoja na namba ya simu ya jirani anayepatikana.
2. Mjumbe mmoja wa kamati apewe jukumu la kutazama matangazo ya Sekretarieti ya Ajira kila wiki, na orodha ibandikwe kwenye ubao wa usharika.
3. Tangazo lisomwe ibadani na lipelekwe mitaani na wainjilisti. Majirani zetu Waislamu, Wakatoliki na wengine wote waambiwe pia, kwa maana shule ni ya wote.
4. Majina kwenye vyeti na NIDA yahakikiwe mapema, kabla nafasi hazijatangazwa.
5. Mwombaji atunze nywila yake mwenyewe. Asimpe yeyote, hata sisi, wala asitoe fedha kwa anayeahidi kumpatia ajira.
6. Mwenye malalamiko asaidiwe kuyaandika kwa ufasaha, akiambatanisha vielelezo, na kuyapeleka mahali panapohusika.

Kwa wafadhili wetu tunasema hivi: ombi letu si kubwa. Ni bando la mwezi, karatasi na wino wa printa, na nauli ya dharura kwa mwombaji asiye na uwezo. Mmemsomesha kijana miaka mitatu. Itakuwa huzuni akikwama kwa kukosa karatasi moja ubaoni. Na hasara si yake peke yake. Ni ya watoto wanaomsubiri darasani.