Jeshi, Lugha na Utambulisho: Vijana Wakimbizi wa Rwanda katika NRA na Mustakabali wa Kiswahili Nchini Rwanda

Barabara itokayo Kigali kuelekea mpaka wa Gatuna hupitia Gatsata, eneo linalojulikana kwa gereji na biashara ya vipuri. Ng'ambo ya mpaka huo ndiko walikokulia maelfu ya watoto wa Kinyarwanda ambao wazazi wao walikimbia nchi kuanzia mwaka 1959. Kwa baadhi yao, swali la utambulisho lilipata jibu la kwanza jeshini.

Yoweri Museveni aliposhambulia kambi ya Kabamba tarehe 6 Februari 1981, Fred Rwigyema na Paul Kagame walikuwa miongoni mwa wapiganaji wake. Kufukuzwa kwa Wanyarwanda huko Ankole mwaka 1982 kuliwasukuma vijana wengi zaidi kujiunga na NRA. Lugha ya amri katika jeshi hilo ilikuwa Kiswahili, ambacho hakikuwa mali ya kabila lolote miongoni mwao. Mnyarwanda, Mnyankole na Muganda waliwaita wakuu wao "afande", na mtoto mwenye bunduki akaitwa "kadogo". Hivyo lugha iliwapa wakimbizi hadhi waliyonyimwa uraiani.

Hadhi hiyo ilikuwa na ukomo. Baada ya ushindi wa mwaka 1986, vyeo vya Wanyarwanda vilizua manung'uniko, na mwaka 1989 Rwigyema aliondolewa katika unaibu waziri wa ulinzi. Mabaharia Weusi wa Marekani walikumbana na ukinzani kama huo: baada ya mlipuko wa Port Chicago wa mwaka 1944, 50 kati yao walitiwa hatiani kwa uasi walipokataa kuendelea kupakia mabomu. Hao, hata hivyo, walidai haki za uraia waliokuwa nao kisheria. Wakimbizi wa Rwanda walilazimika kuitafuta nchi yenyewe; ndipo RPF, iliyoundwa mwaka 1987, ilipovuka mpaka Kagitumba tarehe 1 Oktoba 1990.

Rwanda ilikifanya Kiswahili lugha rasmi mwaka 2017. Sera inayokitazama kama lugha ya soko la Afrika Mashariki pekee huiacha kando historia hii. Kwa baadhi ya wananchi, Kiswahili ni kumbukumbu ya kurejea nyumbani. Kwa wengine, sauti ya askari huamsha hofu. Mitaala haina budi kuzikabili kumbukumbu zote mbili, na kuanzia pale ambapo lugha hii ni nyenzo ya kazi ya kila siku: kwa madereva, wafanyabiashara na mafundi.