Kufuta .env si Kufuta Siri

Swali ni lilelile: "Mkuu, nilisukuma .env GitHub kwa bahati mbaya, lakini nimeshaiandika kwenye .gitignore. Niko salama, sivyo?"

Hauko salama. .gitignore inahusu faili ambazo Git haijaanza kuzifuatilia, basi. Faili iliyokwisha kuingia itaendelea kufuatiliwa hata uiandike humo mara kumi. Hapo hunijia jibu la pili: "Aa, niliifuta pia kwa git rm." Uliifuta kwenye toleo la leo. La jana liko palepale; Git iliundwa mwaka 2005 kwa kazi hiyohiyo ya kutunza matoleo. Huamini? Andika git log -p --all -- .env, usome mwenyewe. Mistari inayoanza na alama ya kutoa ndiyo ile "uliyofuta": nenosiri la hifadhidata, ufunguo wa Daraja (API ya M-Pesa), vyote herufi kwa herufi.

"Lakini hifadhi yangu ni ya faragha." Hata ya Uber ilikuwa ya faragha. Mwaka 2016 wavamizi waliingia humo, wakakuta ufunguo wa Amazon, wakaondoka na taarifa za watu milioni 57. Na nyie mnaogeuza nenosiri kuwa base64 mkadhani mmelificha, tafadhali: amri moja tu inalirudisha.

Aliyeibiwa ufunguo wa nyumba hakimbilii kufuta picha ya ufunguo, hubadilisha kitasa. Nenda ulikopewa ufunguo, ubatilishe wa zamani, uchukue mpya. Leo, si kesho. Kusafisha historia kwa git filter-repo kunaweza kusubiri, tena hakugusi nakala ambazo wenzako walishazichukua.

Mengine ni mepesi. Andika .env kwenye .gitignore kabla ya git add ya kwanza. Kinachoingia Git ni .env.example, yenye majina bila thamani. Piga chmod 600 .env. Funguo za majaribio zisiwe zilezile zinazohudumia wateja. Ukitumia Vite, chochote kinachoanza na VITE_ kikitumika kwenye msimbo kitafika kwenye kivinjari cha mteja, kwa hiyo siri isikae hapo. Umebadilisha .env na hakuna kilichobadilika? Izime programu uiwashe tena. Kwa kawaida huisoma inapoanza tu.