Batri Zinatoka Wapi, na Mbona Zinakuja Nyingi?



Wote waliolala internati muhula uliopita hawajasahau usiku ule. Dada yetu mmoja wa mwaka wa pili alishikwa na homa kali, akawa anatetemeka na kusema maneno yasiyoeleweka. Dereva alikuja mbio, akageuza ufunguo wa Land Cruiser ya shule: tak! Mara ya pili: tak! Mara ya tatu, kimya. Taa za mbele zilikuwa nyekundu sawa makaa yanayozimika. Basi vijana wote tukaamshwa, wengine bila viatu, tukaisukuma gari katika matope mpaka kwenye mteremko. Ikashuka gizani, na kule chini tukasikia mashine inakohoa, halafu inashika. (Gari ya mazutu haihitaji moto wa buji, njo maana ilikubali kusukumwa. Ingekuwa gari ya komputa, pengine tungesukuma mpaka asubuhi.) Dada alifika hospitali, akawekewa serumu na damu, na leo tuko naye shuleni.

Lakini batri ile ilikuwa na miezi mitano tu. Ilinunuliwa mjini kwa zaidi ya dola mia moja, feza ambazo wazazi walichanga. Asubuhi yake fundi alikuja kuitazama, na sisi wasimamizi wa internati tulikuwepo. Alibandua karatasi iliyo juu yake, na chini tukaona karatasi nyingine yenye jina la kiwanda kingine. Akainyanyua kwa mkono mmoja, akacheka. «Watoto yangu,» akasema, «hii batri ilikufa mbele ya kuzaliwa.»

Sisi wa seksio ya Biashara tulikuwa tunasoma somo la forodha wakati huo huo. Tukaona afazali somo litoke katika daftari: tufuate njia ya batri na piesi nyingine za umeme wa gari, tujue zinaingiaje katika inchi yetu, na kwa nini zinaingia nyingi kuliko zamani.

Tuanze na namba, kwa sababu kila kitu kinachopita mpaka kina namba yake. Tangu tarehe 1 Januari 1988 inchi za dunia zinatumia orodha moja ya forodha, iliyo chini ya Shirika la Forodha Duniani. Batri ya risasi ya kuwashia mashine ni 8507.10. Buji, demareri na alternateri ziko chini ya 8511. Taa za gari na honi ziko chini ya 8512, na fungu la nyaya za gari ni 8544.30. Mtu wa duane Goma, Mombasa au Shanghai akiona 8507.10 anajua ni nini, hata kama hawasikilizani kwa luga. Ukitaka kujua Kongo inanunua nini, usianze na maneno ya sokoni, anza na namba hizi. Ila usiziamini haraka. Tutaonyesha kwa nini.

Wazee wetu wanakumbuka majira matatu. Katika miaka ya 1960 na 1970 njiani kulikuwa Land Rover ya Waingereza, Mercedes ya Wajerumani na malori ya Bedford. Piesi zao za umeme zilitoka Ulaya na kuandikwa Bosch ao Lucas. Vitu vile vilitengenezwa ili vifunguliwe. Makaa ya dinamo yakiisha, fundi alibadilisha makaa peke yake. Hata batri ilifunikwa kwa lami: fundi aliipasha moto, akatoa seli iliyokufa, akatia nyingine. Halafu ikaja tarehe 30 Novemba 1973, Rais Mobutu alipotangaza kwamba maduka na mashamba ya wageni yapewe wananchi wa Zaire. Mwaka uliofuata bei ya shaba ilianguka duniani, na feza za kigeni zikaadimika. Rafu nyingi za piesi zikabaki tupu. Ile miaka ungeangalia hesabu za duane ungesema: magari ya Zaire hayaharibiki, maana piesi haziingii! Kumbe yaliharibika sana. Watu walifuata «kifungu cha 15», yaani kila mtu ajitafutie njia: walisokota upya nyaya za dinamo kwa mikono, walilehemu, waliazimana batri asubuhi ili kila lori iwake.

Majira ya pili ni ya Japani. Kutoka miaka ya 1990 Toyota na Mitsubishi zilizokwisha tumika zilianza kupanda kutoka bandari za Mombasa na Dar es Salaam. Njo maana magari mengi ya huku mashariki usukani uko kuume, ingawa sheria ya Kongo ni kutembea kuume kwa njia. Piesi zao nazo zilikuja zimetumika, mara nyingi kupitia Dubai: alternateri ndani ya magunia sawa viazi vya Masisi.

Majira ya tatu ni haya yetu, na ni ya moto. TVS na Bajaj za India, na moto nyingi za China, zimejaa kuanzia miaka ya 2000. Pahali Fuso inalala siku tatu katika matope kati ya Masisi na Walikale, moto inapita na mtu mbele, mtu nyuma, na bidon ya mawese juu. (Chukudu tu ndiyo haijawahi kuwa na batri, wala haijawahi kukataa kuwaka.) Moto inataka batri ndogo, buji, regulateri, na lile sanduku dogo jeusi linaloitwa CDI, linalopima wakati wa kupiga moto wa buji. Ndani ya CDI wamemimina gundi ngumu. Haifunguliwi. Ikifa, unatupa, unanunua nyingine.

Hapa ndipo tunaomba msomaji asimame kidogo, maana hapa iko siri ya namba. Tuseme katika kijiji kuna moto 100. Kama batri ya moto inaishi miaka 4, kijiji kinanunua batri 25 kwa mwaka. Kama batri inaishi mwaka 1 tu, kijiji kinanunua 100. Duane itaandika kwamba batri zinazoingia zimeongezeka mara nne, na mtu wa mbali atasema: angalia maendeleo, moto zimekuwa nyingi! Kumbe moto ziko 100 zile zile. Kilichoongezeka ni mizoga ya batri nyuma ya nyumba. Motari mmoja wa hapa alituambia amekwisha nunua tatu kwa moto moja ndani ya miaka miwili, na kila moja bei iko chini kidogo kuliko ile ya mbele. Alijisifu kwamba anapata kwa bei nzuri. Tulipofanya hesabu naye juu ya mchanga, alinyamaza.

Tena si kila batri ya gari inaona gari. Ngapi ziko katika makanisa zikiendesha mikrofoni, katika butiki zikijaza simu, katika nyumba zikishika umeme wa jua? Zote ziliandikwa 8507.10. Zaidi ya hayo, kitu kilichotoka China kikashukia Mombasa na kukaa Kampala, inchi moja inaweza kukiandika kimetoka China, nyingine kimetoka Uganda. Na kile kilichopita kwa njia ya panya usiku hakiandikwi kabisa. Kwa hiyo hesabu za duane ni sawa kivuli cha mtu: kinaonyesha mtu yuko, lakini si urefu wake.

Sasa kwa nini batri zinakufa upesi? Fundi alitupa sababu mbili, na mwalimu wa fizikia akazieleza. Ya kwanza ni wizi wa risasi. Katika batri, risasi ndiyo kitu chenye uzito, na ndiyo yenye bei. Kiwanda kibaya kinapunguza unene wa vibao vya risasi: batri ya nje ni ile ile, ndani iko njaa. Ya pili ni safari. Batri ikiisha kutiwa asidi inajila yenyewe pole pole hata bila kutumika. Ikikaa miezi bila kujazwa, vibao vinashikwa na chumvi nyeupe ngumu, na umeme haupenyi tena. Na safari yetu si fupi: kutoka Mombasa mpaka Goma, kwa njia ya Kampala, Mbarara, Kisoro na Rutshuru, ni zaidi ya kilomita 1,600, bado Sake na milima. Bunagana ilipokamatwa na M23 mwezi wa Juni 2022, wafanyabiashara wengi waligeuza njia zao, na Goma ilipokamatwa Januari 2025, benki za mji zilifunga milango na uwanja wa ndege ukasimama. Kila mara njia inapogeuka, mzigo unangoja ndani ya depo, na batri hainyamazi ikingoja. Inazeeka.

Juu ya bei, tuweke mfano wa darasani. Batri inatoka kiwandani kwa dola 50. Usafiri wa meli na lori pamoja na bima tuseme dola 15: imefika mpakani kwa 65. Ushuru wa forodha tuseme asilimia 10: ni 6.50, jumla 71.50. Juu ya jumla hiyo inakuja kodi ya TVA, ambayo tangu 2012 ni asilimia 16 katika inchi yetu: 11.44. Sasa tuko kwenye dola 82.94, na mwenye duka hajapata hata franka moja, wala hatujapita kizuizi hata kimoja cha njiani. Mwaka 2017 watafiti wa IPIS, wa Ubelgiji, walichapisha hesabu ya vizuizi 798 katika Kivu Kaskazini na Kivu Kusini. Tunajua wote kwenye kizuizi mtu hatoi kivuli, anatoa feza. Njo mnunuzi anakimbilia ile ya bei ya chini, yenye karatasi mbili.

Jambo la mwisho lilitugusa kuliko yote. Tulimwuliza fundi nyaya ndani ya regulateri zimeshikwa na nini. Akajibu: «Na bati.» Bati la wapi? Walikale, wasomaji! Kusema kweli hakuna anayeweza kuapa kwamba tone hili ni la Bisie, kwa kuwa bati likiyeyushwa huchanganyika na la inchi nyingine. Lakini karibu nusu ya bati la dunia linatumika kulehemu vitu vya umeme, na dawa ya kulehemu isiyo na risasi ni bati zaidi ya asilimia 95. Hata vibao vya batri nyingi za leo vimetiwa bati kidogo. Zamani mchanga wa Bisie ulibebwa mgongoni, siku mbili msituni mpaka Ndjingala, halafu ndege zilikuja kutua juu ya barabara pale Kilambo kuuchukua mpaka Goma. Leo mgodi mkubwa wa Bisie ni wa kampuni ya Alphamin: mwaka 2024 ulitoa zaidi ya tani 17,000 za bati, karibu asilimia 6 ya bati la dunia. Ulisimama Machi 2025 vita ilipofika Walikale, ukaanza tena Aprili. Na Rubaya yetu ya Masisi inakadiriwa kutoa karibu asilimia 15 ya tantali ya dunia, inayotumika katika vifaa vidogo sana vya kuweka umeme ndani ya komputa za magari mapya.

Bati linashuka mlima likihesabiwa kwa tani, linarudi likihesabiwa kwa gramu ndani ya kisanduku kisichofunguliwa, na kurudi kwake linalipiwa ushuru. Wenzetu wengine wameacha masomo kwenda kuchimba ili wanunue moto. Hatuwacheki, shida tunaijua. Tunasema tu kwamba sehemu ya feza ile inarudi tena kwa batri na CDI.

Je, lazima iwe vile? Nairobi kuna kiwanda, Associated Battery Manufacturers, kinachotengeneza batri na kuyeyusha tena risasi ya batri za zamani. Kongo imekuwa memba wa Jumuiya ya Afrika Mashariki tangu 2022, na mpango wa Jumuiya ni kwamba kitu kilichotengenezwa ndani yake kisilipe ushuru wa forodha sawa kinachotoka mbali. Siku mpango huo utakapotimia pale mpakani, batri inayosafiri wiki mbili itaweza kushindana na ile inayosafiri miezi. Kwa sasa yetu ilibidi kununuliwa sokoni kama zamani.

Lakini safari hii haikununuliwa kwa macho. Mwalimu wa fizikia alikwenda na dereva, akachukua voltimeta na kuazima mzani wa maharagi. Katika duka la kwanza batri ilipimwa, mwenye duka akakasirika kidogo. Katika duka la pili batri ya ukubwa ule ule ilizidi ya kwanza kwa kilo nne, na voltimeta ikasoma 12.6, yaani imejaa, ingesoma 12.0 wangeiacha. Bei ilizidi kwa dola kumi na tano. Walilipa.

Iko ndani ya gari sasa. Dereva ameandika tarehe pembeni kwa rangi nyeupe. Sisi wa mwaka wa nne tutaondoka baada ya mtihani wa Serikali, lakini ninyi wa mwaka wa kwanza mtakuwa bado hapa. Siku itakapokufa, tafazali andikeni tarehe ya pili chini ya ile ya kwanza.