Fahamu: "Kongo ya hatari" ya kwenye runinga na Ruashi tunayoijua

Mwaka 2013 mpishi na mtangazaji Mmarekani Anthony Bourdain alileta Kongo kamera za Parts Unknown, kipindi cha CNN. Alipita Goma na Kisangani, akasafiri mtoni kwa mashua, akawaonyesha watu wanaotunza maktaba ya kituo cha utafiti cha Yangambi licha ya kila kitu. Kipindi kizuri, tuseme ukweli. Ila mtazamaji wa mbali hubaki na Kongo moja kichwani, wakati kati ya Goma na Lubumbashi kuna zaidi ya kilomita 1,000.

Vipindi vya namna hii humtegemea mtu ambaye mara nyingi haonekani: mwenyeji anayejua lugha, njia na ofisi ya kibali. Kupiga picha bila karatasi karibu na uwanja wa ndege, daraja au kambi ya askari huleta maneno mara moja.

Na Ruashi, hapa Lubumbashi? Hatari yake haivutii watayarishaji, kwa sababu haina mtutu wa bunduki. Mgodi wa shaba na kobalti wa Ruashi Mining, ulio mikononi mwa Jinchuan ya China tangu 2012, umekaa karibu na nyumba za watu. Kiangazi vumbi jekundu hutua juu ya nguo zilizoanikwa, malori yanapita, na mama muuza maandazi anafunika beseni lake kwa kitambaa.

Aliyeikaribia zaidi habari hii ni mtengeneza filamu Mbelgiji, Thierry Michel. Filamu yake ya 2009, Katanga Business, inafuata migodi, wawekezaji na wachimbaji wadogo wanaogombea ardhi ileile.