Mikono ya mama: Filamu ya Flora M'mbugu-Schelling na somo kwa wazazi

Masasi na Newala, ni kawaida kumsikia bibi akisema ana ndugu zake ng'ambo ya mto. Mto wenyewe ni Ruvuma, na ng'ambo ni Msumbiji, ambako nako kuna Wamakonde. Kabla ya Daraja la Umoja kufunguliwa Mtambaswala mwaka 2010, watu walivuka kwa mitumbwi. Wengi walivuka wakikimbia vita.

Baadhi ya kina mama wa Msumbiji waliokimbia vita walifika hadi Dar es Salaam. Huko, katika machimbo ya Kunduchi, wakapata kazi ya kugonga kokoto kwa nyundo. Mwongozaji wa filamu wa Kitanzania, Flora M'mbugu-Schelling, aliwafuata huko huko. Mwaka 1992 akatoa filamu ya dakika 45 iitwayo These Hands, yaani Mikono Hii.

Wanawake kuongoza filamu halikuwa jambo la kawaida nchini wakati huo. Tanzania Bara hata kituo cha televisheni haikuwa nacho. Vya kwanza vilianza mwaka 1994. Hata hivyo, Flora alikuwa ameshatengeneza Kumekucha, filamu ya mwaka 1987 kuhusu maisha ya wanawake wa Tanzania.

Katika Mikono Hii hakutumia maneno mengi. Hakuna sauti ya mtaalamu inayoeleza umaskini ni nini. Mtazamaji anaona nyundo ikipanda na kushuka, jiwe likipasuka, mama akinyonyesha kisha akirudi kazini, watoto wakiwa hapo hapo kwenye vumbi. Kina mama hao wanaimba na kucheza pia. Wamechoka, lakini hawajaacha kuwa watu wenye furaha zao.

Nguvu ya filamu hiyo iko katika uvumilivu wa aliyeitengeneza. Alikaa, akatazama, akaiacha kazi ya mama ijieleze yenyewe.

Hapo ndipo lilipo somo kwa familia. Mtoto wa Newala akiulizwa shuleni mama yake anafanya kazi gani, mara nyingi hujibu, "Hana kazi, yupo nyumbani tu." Mama huyo huyo ameamka alfajiri, amefuata maji, amelima, ameokota korosho, amepika, na jioni bado anamwogesha mdogo wake. Mtoto hajadanganya, anasema alichofundishwa na wakubwa, kwamba kazi isiyo na mshahara si kazi.

Mzazi anaweza kulirekebisha hilo bila gharama. Baba amwambie mtoto waziwazi kazi anazofanya mama kutwa nzima, kisha wagawane baadhi, wavulana kwa wasichana.

Kwa wenye bibi au babu waliovuka Ruvuma, simu iliyo mkononi inatosha. Mtoto amwombe bibi ruhusa kwanza, aweke simu vizuri, amuulize swali moja, "Bibi, mlivukaje?" kisha anyamaze. Asimkatize bibi akinyamaza kidogo, wala asimharakishe. Akitaka kuzungumza Kimakonde, aachwe azungumze Kimakonde.

Wazee hawatakuwepo siku zote. Mtoto aliyesikia jinsi bibi yake alivyovuka mto akiwa na mwana mgongoni, hatasema tena kwamba bibi alikuwa nyumbani tu.