Mvule Jike Usikatwe

Hapana seremala katika Visiwa vyetu asiyeijua mbao ya mvule. Mchwa hawaiwezi, mvua na jua haviiharibu upesi, na mara nyingine ndani yake hukutwa vijiwe vigumu viutiavyo msumeno ubutu. Milango, makabati na vyombo vya baharini vimeutegemea mti huu tangu enzi za wazee wetu. Sifa hizo ndizo ziuponzazo.

Lipo jambo ambalo tunataka viongozi na wananchi walizingatie. Mvule, mithili ya mpapai, una mti dume na mti jike. Dume huchanua tu. Jike ndio uzaao. Mkataji hayatazami hayo, hutazama unene wa gogo. Akiuangusha mvule jike uliobaki peke yake katika eneo, madume yaliyosalia yatachanua kila mwaka bila ya kuacha mrithi.

Wapo wasemao kwamba tutapanda mwengine. Hoja hiyo ni njema, lakini haitoshi. Mvule ukipandwa peke yake kwa safu, huvamiwa na mdudu mdogo ambaye wataalamu humwita Phytolyma. Huyavimbisha machipukizi, kisha yakaoza, na mche ukadumaa au ukafa. Ukichanganywa na miti mingine, madhara hupungua. Msituni kazi hiyo hufanywa bila ya mshahara: popo hula matunda, huruka mbali, na huziangusha mbegu penye miti ya kila namna. Kwa hiyo amwuaye popo huupunguza na mvule.

Zanzibar inayo Sheria ya Misitu ya mwaka 1996, na Msitu wa Ngezi huko Pemba ungali umehifadhiwa. Lakini sheria haiwezi kusimama peke yake katika kila shamba. Kwa hiyo twashauri mambo matatu. Kwanza, maofisa wa misitu, kabla ya kutoa kibali, wahakikishe kama mti ni dume au jike, na jike uzaao ubakizwe. Pili, vitalu vya Serikali vitoe miche ya mvule pamoja na ya miti mingine, ipandwe kwa kuchanganywa. Tatu, masheha na walimu wawaeleze vijana faida ya popo.

Mvule ni amana. Tukiikata bila ya kubakiza mzazi, wajukuu wetu watabaki kuujua kwa kugusa milango mikongwe.