Wanyonge wa Bonde la Ufa na Ualimu Wao katika Maandiko

Mji wa Yeriko, ambako Zakayo alipanda juu ya mti ili apate kumwona Yesu akipita, na mji wa Nakuru, ambako waumini wa madhehebu mbalimbali husomewa habari hiyo makanisani mwao, ni miji iliyotengwa na bahari, majangwa na lugha nyingi. Walakini ukilitazama umbo la ardhi, ni miji miwili ya mpasuko mmoja. Mfumo wa mabonde ya ufa huanzia nchi ya Lebanoni, ukateremka na mto Yordani hata Bahari ya Chumvi, ukafuata Bahari ya Shamu mpaka Uhabeshi, kisha ukapita Kenya na Tanzania hata kukomea Msumbiji, mwendo wa zaidi ya kilomita 6,000. Haistaajabishi basi kwamba wengi wa wanyama na mimea iliyowapa manabii wa Israeli ishara na mithali zao hawapatikani Uingereza wala Ujerumani, walikotoka wengi wa wamisionari waliotuletea Biblia, bali wapo hapa kwetu, majabalini na kandokando ya mito, wakiishi maisha yale yale waliyoishi machoni pa Amosi na Yeremia.

Katika makala haya nimekusudia kueleza jambo moja ambalo wahubiri wetu aghalabu hulipita kwa haraka, nalo ni kwamba Maandiko ya Wayahudi na ya Wakristo, yanapotafuta mwalimu miongoni mwa viumbe, mara nyingi humchagua yule aliyedharauliwa. Na dharau hiyo si ya watu wa kawaida peke yao, kwa maana Sheria ya Musa yenyewe, katika mlango wa 11 wa Walawi, inawahesabu pimbi, tumbusi na korongo kuwa ni najisi wasiofaa kuliwa. Lakini vitabu vingine vya Maandiko hayo hayo vinawachukua hao hao waliokataliwa mezani, vikawaweka mbele ya wanadamu wawe ibra, na mmoja wao hata akapewa sharafu ya kuwa mfano wa Mwenyezi Mungu.

Tuanze na wadogo. Katika mlango wa 30 wa Mithali, Aguri bin Yake anawasifu viumbe wanne ambao udogo wao haukuwanyima hekima: chungu kwa kuweka akiba kabla ya dhiki, pimbi kwa kuchagua mwamba kuwa nyumba, nzige kwa nidhamu ya jeshi lisilo na sultani, na mjusi kwa kuingia katika majumba ya kifalme ambamo mnyonge wa kibinadamu angezuiliwa mlangoni. Wote wanne ni majirani zetu. Lakini pimbi ndiye anayestahili kutuchukulia muda, kwa sababu msomaji wa Ulaya, ambaye kwake hakuna mnyama wa namna hiyo, alilazimika kumkisia, ilhali mtoto wa Nakuru aliyepelekwa na shule yake katika hifadhi ya ziwa amemwona kwa macho yake akiota jua juu ya Baboon Cliff. Pimbi wa majabali yale ni wa jinsi moja na yule aishiye katika magenge ya Ein Gedi, ukingoni mwa Bahari ya Chumvi. Hana pembe, hana makucha ya kupigania, wala mbio zake hazimfikishi mbali. Ila nyayo zake zina ngozi laini yenye unyevu inayomwezesha kushikamana na jiwe lililosimama wima, na kundi linapokula, mmoja hukaa kando akiangalia anga, na akiona kivuli cha tai hupiga ukelele, wote wakatoweka ndani ya nyufa kabla adui hajashuka. Hekima aliyoiona Aguri ni hii: pimbi ameujua unyonge wake, akaukiri, akajenga maisha yake yote karibu na kitu kilicho imara kuliko yeye. Mtunga zaburi amwitaye Mungu mwamba wake na kimbilio lake alikuwa akisema kwa maneno ya sala jambo ambalo pimbi hulitenda kila siku.

Nzige naye tulifundishwa habari zake kwa uchungu. Makundi yaliyoingia Kenya mwishoni mwa mwaka 2019, yakaendelea kutanda mwaka wa 2020, yalikuwa ya wingi ambao nchi hii haikuwa imeuona kwa muda wa miaka 70, na wakulima waliotazama kijani kikigeuka vijiti kwa muda wa saa chache hawakuhitaji mfasiri wa kuwaeleza kilio cha nabii Yoeli. Lakini mdudu huyo huyo, ambaye kwa Farao alikuwa pigo na kwa Yoeli alama ya hukumu, aliruhusiwa na kitabu cha Walawi kuwa chakula halali, na Yohana Mbatizaji akamla nyikani pamoja na asali ya mwitu. Ishara za Maandiko hazina maana moja iliyofungwa. Humtaka msomaji auulize kwanza mwenendo wa kiumbe, ndipo apate kujua ni upande upi unaosemwa.

Hapana mahali ambapo kanuni hiyo hudhihirika zaidi kuliko kwa tumbusi. Biblia inaponena kwamba Mungu aliwachukua Waisraeli kutoka Misri juu ya mbawa za ndege mkubwa, picha inayotujia ni ya tai mwenye haiba, mfano wa yule anayewinda samaki Naivasha. Lakini nabii Mika, akizungumza juu ya ndege huyo huyo, anautaja upara wake, na tai hana upara. Mwenye kichwa kisicho na manyoya ni tumbusi, ambaye wataalamu wengi wa siku hizi wanaafikiana kwamba ndiye aliyekusudiwa katika sehemu nyingi za maandishi hayo. Mwenye kutaka kuielewa ahadi ya Isaya, kwamba wamngojao Bwana watapanda juu kwa mbawa wala hawatazimia, na aende katika hifadhi ya Hell's Gate, ambako tumbusi wa Rüppell huweka matago yao katika magenge. Asubuhi na mapema ndege hao hukaa kimya juu ya mawe, kwani miili yao ni mizito na kupiga mbawa kungewachosha. Hungoja mpaka jua liipashe ardhi, hewa ya moto ianze kupanda, kisha wakajitupa ndani yake na kuinuliwa duara baada ya duara, bila ya kupiga mbawa ila kwa nadra. Mwaka 1973 mmoja wa jinsi hiyo aligongana na ndege ya abiria juu ya Abidjan, nchini Ivory Coast, kwenye kimo cha zaidi ya mita 11,000. Nguvu iliyomfikisha huko haikuwa yake; kazi yake ilikuwa kungoja, na kuijua saa ya kujitupa.

Kadhalika korongo mweupe, ambaye Yeremia anawatahayarisha watu wake kwaye, akisema kwamba ndege wa angani anayajua majira aliyoamriwa, ilhali taifa la Mungu haliijui sheria yake. Korongo wanaozaliwa mashariki ya Ulaya hupita juu ya Yordani wakifuata bonde kuelekea kusini, na baadhi yao huonekana katika mbuga na mashamba ya Kenya wakati wa baridi ya huko kwao. Ndege ambaye nabii alimtazama akipita juu ya Yerusalemu huenda alikuwa njiani kuja kwetu.

Heroe, ambaye wekundu wake ndio uliolipa Ziwa Nakuru sifa ulimwenguni, hatajwi popote katika Biblia. Bali mwari, mnene na mzito wa mwendo ardhini, ndiye ambaye tafsiri nyingi zimemweka katika Zaburi ya 102 kuwa mfano wa mtu mwenye majonzi jangwani. Wakristo wa karne za kwanza wakamwongezea hadithi, iliyoandikwa katika kitabu cha Kiyunani kiitwacho Physiologus, kwamba mwari hujipasua kifua na kuwafufua makinda yake kwa damu yake. Na kutokana na hadithi hiyo Thomas Aquinas, katika karne ya 13, alimwita Kristo mwari mwema, na mafundi wa Ulaya wakamchonga ndege huyo juu ya altare zao. Elimu ya viumbe haiikubali habari ya damu. Lakini iliyo kweli ina uzito wake: mwari weupe huzaa Elmenteita, ambako chakula chao ni haba, nao hupaa kuvuka vilima mpaka Ziwa Nakuru, wakavua samaki wadogo walioletwa kutoka Magadi katika miongo ya 1950 na 1960 ili wale mabuu ya mbu, kisha wakarudi na mzigo huo matumboni mwao, na kuutapika ili makinda yaishi. Mzazi anayetoa kilichomo ndani ya mwili wake kwa ajili ya mwanawe si uzushi wa watawa, yupo.

Miti nayo ina wanyonge wake. Mfalme Sulemani alisifiwa kwa kuifanya mierezi iwe mingi kama mikuyu, maana yake mkuyu ulikuwa mti wa kila mtu. Na ni mkuyu huo, wenye matawi ya chini yaliyotanda, uliombeba mtoza ushuru mfupi aliyechukiwa na mji mzima. Amosi alikuwa mtunza mikuyu kabla ya kuitwa kuwa nabii, na kazi hiyo ilikuwapo kwa sababu maalumu: katika nchi ya Palestina hayupo nyigu mdogo anayeuchavusha mti huo, hivyo matunda yake hayana mbegu, na yalihitaji kutobolewa kwa mkono wa binadamu yapate kuiva. Hapa Afrika Mashariki nyigu huyo yupo, na mkuyu huzaa mbegu zake wenyewe. Mti wa Zakayo, basi, ulikuwa mgeni kule, na hapa ni mwenyeji. Vilevile mzeituni mwitu, ambao Wamaasai huuita oloirien na kutumia vijinga vyake kusafishia vibuyu vya maziwa, ni ndugu wa damu wa mzeituni wa Palestina. Na Mtume Paulo, akiwaandikia Warumi, aliwafananisha watu wa mataifa na tawi la mwitu lililopandikizwa katika shina jema, kinyume cha desturi ya kawaida ya wakulima, ambao hupandikiza tawi jema katika shina la mwitu.

Simba hakusahauliwa, lakini utukufu wake umewekewa mpaka. Yeye ni Yuda katika baraka za Yakobo na ni Kristo katika Ufunuo. Na katika waraka wa Petro ni Ibilisi anayenguruma akitafuta wa kummeza. Mwenye nguvu huweza kuwa mwokozi au mharibifu, na nguvu yenyewe haituambii ni yupi.

Wayahudi walioijua nchi yetu, kuanzia aliyekuwamo miongoni mwa wajumbe waliokuja kuikagua Uasin Gishu baada ya serikali ya Uingereza kuwapendekezea Wayahudi makao huko mwaka 1903, hadi wakimbizi wa miaka ya 1930 waliopata hifadhi katika mashamba ya Bonde la Ufa, na hata jamii ndogo ya Wakenya wafuasi wa dini hiyo walioko Kasuku katika kaunti jirani ya Nyandarua, wana wasia unaolingana na haya yote. Katika sikukuu ya Vibanda huunganishwa mimea minne, na wahenga wao walifundisha kwamba balungi lenye ladha na harufu ni mfano wa mtu mwenye elimu na matendo mema, mtende una ladha bila harufu, mhadasi una harufu bila ladha, na mti wa kando ya mto hauna hiki wala kile. Ila sala haitimii mpaka ule usio na kitu ufungwe pamoja na wengine.

Tumbusi wa Rüppell sasa amo katika daraja la viumbe vilivyo karibu kabisa na kutoweka, na sababu mojawapo ni sumu ambayo wafugaji wenye uchungu huiweka katika mizoga ili wamwue simba au fisi. Sheria ya Musa, katika mlango wa 20 wa Kumbukumbu la Torati, ilimkataza askari asiikate miti ya matunda hata akiwa katikati ya vita, na marabi wakalipanua katazo hilo likawa haramu ya uharibifu wowote usio na maana. Ikiwa vita haikuhalalisha shoka, amani yetu itahalalishaje sumu? Walimu wa madarasa ya Jumapili na wazee wa makanisa ya Nakuru wana uwezo ambao maaskofu wengi wa dunia hawanao, wa kumfundisha mtoto Isaya na Mithali huku mwalimu mwenyewe aliyetajwa na kitabu akiwa hai mbele yake. Na kumlinda mwalimu huyo, hasa akiwa mbaya wa sura na asiye na mtetezi, ni sehemu ya kuyatii Maandiko.